Kuziba Pengo

Mswada wa kwanza niliopewa London ulikuwa na jina la mtu mwingine juu ya jalada. Mwenye jina alikuwa amepata kazi yenye malipo mazuri zaidi, akaaga kwa simu siku nne kabla ya onyesho la kwanza. Mimi nilikuwepo ukumbini kwa sababu nilikuwa nafuta viti na kuuza chai wakati wa mapumziko. Kwa wiki tatu nilikuwa nimekaa nyuma gizani kila jioni, nikitazama mazoezi, midomo yangu ikienda pamoja na maneno ya waigizaji. Mwongozaji alipouliza, tena kwa sauti ya aliyekata tamaa, kama kuna yeyote anayeyajua maneno ya yule askari magereza, niliinua mkono.

Pembeni mwa kila ukurasa mwenzangu alikuwa ameacha alama za penseli: hapa vuta pumzi, hapa geuka, hapa nyamaza. Nilizifuata kwa siku mbili. Siku ya tatu nilizifuta, nikaandika zangu.

Kwa miaka mingi niliionea haya bahati ile, kama mtu aliyekula chakula alichopikiwa mwingine. Haya hiyo ilinitoka nilipoijua habari ya mwigizaji Earl Cameron, na ndiyo sababu ya kuandika haya. Nataka vijana wanaouliza namna ya kuwa mwigizaji ugenini waisikie kutoka kwa mtu aliyeonja kidogo cha safari hiyo, kuhusu mtu aliyeisafiri yote.

Nilikulia Tanga, katika nyumba ambayo mjomba alikuwa baharia. Alikuwa akirudi na sabuni za harufu nzuri na hadithi za bandari, na alikuwa na neno moja alilolirudia: meli haimngoji mtu. Baadaye nilisoma sanaa Bagamoyo. Huko nilicheza Kinjeketile, tamthilia ya Ebrahim Hussein, nikiwa mmoja wa watu wa kijijini wasio na maneno mengi. Mwalimu wetu alitufundisha kwamba mwanakijiji asiyesema kitu naye alilala njaa jana usiku, na hadhira lazima iione njaa hiyo mabegani mwake. Sikujua kwamba nimefundishwa kazi nitakayoifanya maisha yangu yote.

Mwaka 1990 nilikwenda London kwa kozi ya mwaka mmoja. Kozi ikaisha, nikabaki kutafuta njia. Nilibeba maboksi kama wengine wote, kwanza ghalani, kisha jikoni mwa hoteli, kisha nikapata kazi ya zamu, mara nyingi za usiku, katika nyumba ya kulelea wazee. Mchana nilikwenda kwenye usaili. Kwenye usaili niliambiwa Kiingereza changu ni kizuri mno kwa nafasi ya mkimbizi, na si kizuri vya kutosha kwa nafasi ya daktari.

Jumamosi moja alasiri, pale nyumba ya wazee, televisheni ilikuwa ikionyesha filamu ya zamani, nyeusi na nyeupe. Nilikuwa nikigawa dawa. Nikamwona kijana mweusi, mrefu, baharia, akishuka kutoka melini mtoni Thames. Hakuwa mtumishi, hakuwa mpiga ngoma. Alikuwa mtu mwenye siku mbili za kukaa nchi kavu na moyo mzito. Nilisimama na trei mkononi. Bibi mmoja aliyetoka visiwa vya Karibi alinishika mkono, akaniambia kwamba aliitazama filamu hiyo sinema ujanani, siku ilipokuwa mpya, na kwamba alipotoka nje alitembea akiwa amenyoosha mgongo.

Filamu ile ni Pool of London, ya mwaka 1951, iliyoongozwa na Basil Dearden. Kijana yule ni Earl Cameron, na huyo baharia anayeitwa Johnny anampenda msichana wa Kizungu katika mji usiotaka mapenzi hayo. Huhesabiwa kuwa filamu ya kwanza ya Uingereza kuonyesha mapenzi ya namna hiyo. Kwangu kulikuwa na jambo kubwa zaidi: ubaharia ule ulikuwa wake kweli.

Cameron alizaliwa Pembroke, kisiwani Bermuda, tarehe 8 Agosti 1917, kitinda mimba wa watoto sita. Baba yake, fundi mwashi, alifariki mtoto akiwa na miaka mitano, na mama akawalea kwa vibarua. Kijana akaingia ubaharia katika meli za biashara. Mwezi Oktoba 1939, vita vimeanza, meli yake ilitia nanga London. Akapata mchumba mjini, meli ikaondoka bila yeye, na mchumba naye akamwacha. Niliposoma hayo nilimkumbuka mjomba. Meli haimngoji mtu.

Kwa hiyo mtu huyu hakwenda Uingereza kuwa mwigizaji. Aliachwa huko, kijana mweusi katika mji wenye vita na baridi, akaosha vyombo jikoni ili ale. Mwaka 1941 rafiki yake, Harry Crossman, alimpa tiketi ya kwenda kuona mchezo wa nyimbo na dansi uitwao Chu Chin Chow. Sisi tuliolelewa na hadithi za Alfu Lela Ulela tungeutambua mara moja, kwa kuwa umejengwa juu ya kisa cha Ali Baba na wezi arobaini. Crossman na wenzake wachache weusi walikuwa na sehemu ndogo ndani yake. Cameron akatazama jukwaa, akawaza vyombo vinavyomngoja jikoni, akamwomba rafiki yake amtafutie nafasi. Jibu likawa kwamba nafasi zimejaa.

Wiki mbili tatu baadaye mmoja wa waigizaji hakutokea. Crossman akamkumbuka mwosha vyombo. Cameron akapelekwa kwa mwongozaji, Robert Atkins, akachukuliwa papo hapo.

Nilisoma habari hiyo usiku, zamu ikiwa kimya, na nikaisoma tena. Miaka hamsini kabla yangu, katika mji ule ule, mwingine aliingia kupitia mlango ule ule: pengo la mtu asiyekuja.

Kisha nikaona kwamba mlango huo una historia ndefu zaidi. Cameron alipoanza kupata maneno ya kusema jukwaani, kuanzia nafasi ya dereva katika The Petrified Forest mwaka 1942, alitambua kwamba sauti yake haijafunzwa. Akaenda kujifunza kwa mwalimu mzee aliyeitwa Amanda Aldridge. Mama huyo alikuwa binti wa Ira Aldridge, mwigizaji mweusi aliyezaliwa New York mwaka 1807 na kuhamia Uingereza akiwa kijana, kwa sababu nchi yake haikuwa na jukwaa la kumpa. Mwezi Machi 1833, Edmund Kean, mwigizaji mashuhuri kuliko wote wa zama zake, alianguka jukwaani Covent Garden akicheza Othello. Mwezi uliofuata Aldridge akasimama katika jumba lile lile, katika nafasi ile ile. Baadhi ya magazeti yalimshambulia kwa rangi yake, na baada ya maonyesho mawili nafasi hiyo ikafungwa. Hakuacha jukwaa. Alizunguka miji ya mikoani, kisha Ulaya, akapokewa kwa heshima kubwa hadi Urusi, na akafariki safarini mwaka 1867 mjini Łódź, Poland, alikozikwa. Binti yake alikuwa na mwaka mmoja tu. Mtoto asiyeweza kuikumbuka sauti ya baba yake ndiye aliyekuja kuifunza sauti ya Cameron.

Hilo ndilo somo la kwanza ninalowaambia vijana. Pengo hutokea kwa kila mtu, lakini humpata aliyekaa karibu. Na aliyeingia kwa pengo hana budi kulipa deni la maandalizi aliyoyakosa. Cameron alikuwa tayari amepata kazi jukwaani alipokwenda kwa Mama Aldridge. Angeweza kusema kwamba amefika. Mimi pia, baada ya ule mchezo wa magereza, nilichukua fedha zangu za maboksi nikamlipa mwalimu wa sauti mara moja kwa wiki, kwa miaka miwili. Alinifundisha kutoa neno kutoka tumboni na kulifikisha kwa mtu wa safu ya mwisho bila kupiga kelele. Fedha niliyomlipa ndiyo ambayo sijaijutia kabisa katika zote nilizozitumia ughaibuni.

Somo la pili ni gumu zaidi. Ukishaziba pengo, wenye jukwaa huanza kukuona una umbo la pengo.

Baada ya Pool of London mtu angetegemea Cameron apate nafasi kubwa moja baada ya nyingine. Haikuwa hivyo. Waandishi hawakuwa wanaandika wahusika weusi, na walipoandika, waliwaandika kama vivuli. Akawa mwigizaji wa sehemu za pembeni: daktari, mlinzi, mpelelezi, mtu wa visiwani, mtu wa Afrika. Mwaka 1955 alikuwa Karanja katika filamu iitwayo Simba, inayohusu vita vya Mau Mau. Mwaka uliofuata akacheza katika Safari, nayo ya habari hizo hizo, iliyopigwa Kenya.

Niliitazama Simba na rafiki yangu Mkenya aliyetoka Nyeri, chumbani kwake, pazia limefungwa. Tulikuwa kimya kwa muda mrefu. Filamu inaitazama Kenya kupitia dirisha la nyumba ya mlowezi. Wanaodai ardhi ni giza linalosogea nje. Wakati inaonyeshwa sinema London, maelfu ya Wakikuyu walikuwa bado kizuizini. Rafiki yangu alisema baba yake alikuwa mmoja wao. Kisha akasema jambo ambalo sikulitegemea: „Lakini huyu daktari ni mtu. Wengine wote wameandikwa. Huyu ni mtu.”

Karanja ni daktari anayevutwa pande mbili, na elimu ya Wazungu upande mmoja na watu wake upande wa pili. Mswada haukumtendea haki. Lakini Cameron anacheza kwa mwili wake kile ambacho mswada haukusema. Anaposimama mbele ya walowezi hainamishi kichwa wala hakiinui kwa kujionyesha. Anasubiri wamalize kusema, kama daktari anavyomsubiri mgonjwa anayeropoka. Mtu wa Bermuda, ambaye Kenya haikuwa kwao, alimpa Mkikuyu wa kubuniwa adabu ya mtu aliyelelewa na mama. Siitetei filamu. Ninasema kwamba ndani ya nyumba iliyojengwa vibaya alifagia chumba kimoja kikawa safi.

Mwaka 1959 Dearden alimwita tena, katika filamu Sapphire, iliyotengenezwa mwaka mmoja baada ya ghasia za ubaguzi Notting Hill. Binti ameuawa, polisi wanamdhania Mzungu, kisha kaka yake anaingia ofisini kujitambulisha, naye ni mweusi. Kaka huyo ni Cameron. Anaingia, na sura za polisi zinabadilika, na yeye anaona zinavyobadilika. Amekuja kwa ajili ya maiti ya dada yake na analazimika kwanza kungoja mshangao wao upite. Filamu ilipata tuzo ya BAFTA ya filamu bora ya Uingereza. Kila mhamiaji aliyewahi kuingia ofisini ugenini anaujua ule ukimya wa sekunde mbili. Cameron aliuingiza kwenye filamu bila kusema neno.

Nami niliwahi kuwekwa ndani ya umbo hilo. Katikati ya miaka ya 90 nilipata siku moja ya kazi katika filamu kuhusu nchi ya Afrika isiyotajwa jina. Nilikuwa mwanamgambo kwenye kizuizi cha barabarani, nimevaa maleba ya kijeshi na miwani ya jua. Gari linakuja, ndani kuna mama na mtoto, na tunatakiwa kupiga kelele tukiwazunguka. Niliuliza maneno yangu ni yapi. Nikaambiwa niseme chochote cha Kiafrika, hakuna atakayeelewa.

Nilirudi mahali pangu barabarani na neno lile limenikwama kooni. Nilimfikiria yule bibi wa Karibi na mgongo wake ulionyooka. Nilimfikiria mwanakijiji wa Bagamoyo aliyelala njaa. Mwanamgambo huyu naye ana mama. Gari lilipofika, wenzangu wakapiga kelele, na mimi nikapaza sauti kuwashinda wote: „Mwacheni mama apite! Ana mtoto, hamuoni? Mwacheni apite!” Nikalishika bega la mwenzangu mwenye bunduki nikamvuta nyuma. Tulirudia mara tano, na mara zote tano nilisema hivyo hivyo. Mwongozaji alifurahi. Alisema nilikuwa wa kutisha.

Miaka miwili baadaye mtu alipeleka kanda ya filamu hiyo Tanga. Mama alinipigia simu kutoka posta, jambo ambalo hakulifanya ila kwa msiba. Baada ya shikamoo yangu alinyamaza kidogo, kisha akasema: „Mwanangu, nimekuona. Wengine wote walikuwa wabaya. Wewe ulisema mama apite.”

Sijawahi kupata sifa nyingine iliyonifikia mahali pale.

Ndiyo maana filamu moja ya uzeeni mwa Cameron ilinigusa kwa namna ya pekee. Mwaka 1979, akiwa na zaidi ya miaka sitini, alikuwa ameiacha Uingereza na kwenda kuishi Visiwa vya Solomon, kwa ajili ya dini yake ya Kibahai aliyoipokea mwaka 1963. Alikaa huko kiasi cha miaka 15, akarudi baada ya kufiwa na mkewe. Wengi katika fani walishamhesabu kuwa ni mtu wa jana. Kisha ikaja The Interpreter, mwaka 2005, iliyoongozwa na Sydney Pollack, filamu ya kwanza kuruhusiwa kupigwa ndani ya makao makuu ya Umoja wa Mataifa New York. Cameron, mwenye miaka 87, ni Zuwanie, mkombozi wa nchi ya kubuniwa ya Afrika aliyegeuka kuwa dikteta.

Nchi ni ya kubuniwa, lakini safari hii hakuna aliyeambiwa aseme chochote cha Kiafrika. Lugha ya nchi hiyo, Ku, ilitungwa na Said el-Gheithy, aliyekuwa akiongoza kituo cha kufundisha lugha za Kiafrika London, akitumia misingi ya lugha za Kibantu. Nilikaa sinema nikisikia maneno nisiyoyajua yenye mifupa ninayoijua. Nilitokwa na machozi kabla hadithi yenyewe haijaanza kuhuzunisha. Kumbe watu walikaa mezani wakapanga sarufi kwa heshima, ili mzee aseme neno lenye maana.

Na mzee alikuwa tayari. Mwishoni Zuwanie anabaki chumbani na mwanamke mwenye bastola, na analazimishwa kusoma maneno mazuri aliyoyaandika mwenyewe enzi alipokuwa bado mwema. Cameron hamchezi zimwi. Anamcheza mzee anayesikia sauti ya kijana aliyekuwa yeye, na aibu inampanda taratibu hadi machoni. Ujuzi ule haukuja mwaka 2005. Ulikuja kwa miaka zaidi ya 60 ya kumtafuta mtu ndani ya sehemu ndogo, hata sehemu kubwa ilipokuja haikumkuta mtupu.

Hapo ndipo penye somo la tatu, ambalo mimi mwenyewe nilichelewa kulielewa. Vijana hunieleza kwamba wanangoja nafasi kubwa ili waonyeshe uwezo. Ninawaambia uwezo hauhifadhiwi kabatini. Hukua kwa kutumika, hata kwenye mstari mmoja, hata katika filamu yenye macho mabaya, mradi usikubali kusema neno lisilo na mtu ndani yake. Na pale ambapo mtu hapatikani kabisa, rudi jikoni ukaoshe vyombo. Nilikataa kazi tatu kwa sababu hiyo, na miezi iliyofuata ilikuwa mirefu. Siwezi kumwambia kijana kwamba hakuna gharama.

Cameron alipewa nishani ya CBE mwaka 2009. Mwaka 2012 ukumbi wa maonyesho mjini Hamilton, Bermuda, ukapewa jina lake, katika kisiwa alichokiacha akiwa baharia kijana. Alifariki Uingereza tarehe 3 Julai 2020, akiwa na miaka 102. Sisi husema marehemu ameacha pengo lisilozibika. Siku ile nilishindwa kusema hivyo. Mtu aliyeanza kazi kwa kuziba pengo la mwenziwe, na aliyefunzwa na binti wa mtu aliyefanya vivyo hivyo, asingependa nafasi yake ibaki tupu kwa heshima yake.

Mimi nilirudi nyumbani mwaka 2014. Sasa hufundisha vijana Bagamoyo, kikundi kidogo, jioni, upepo wa bahari ukitupa ubaridi. Kwenye mazoezi huweka kigoda kimoja pembeni mwa jukwaa kwa asiye na nafasi. Anayekaa hapo hana maneno, lakini anatakiwa kuyajua ya wote.

Mwaka jana binti mmoja alikikalia miezi miwili. Siku tatu kabla ya onyesho, mwenzake mwenye nafasi ya mama mkwe akalazwa kwa malaria. Binti akasimama bila kuitwa, akaanza kutoka mstari wa kwanza. Tulipomaliza alinifuata, na hakuwa na furaha niliyoitegemea. Aliniuliza: „Shikamoo mwalimu. Mwenyewe akirudi, mimi nitakaa wapi?”

Ni swali la kila mhamiaji, na kwa miaka yangu yote London nilikuwa nikilibeba bila kulisema. Nilimwambia kwamba mwenzake akipona nitawapanga usiku kwa usiku, mmoja Ijumaa, mwingine Jumamosi, na kwamba wataona wenyewe mama mkwe mmoja anavyoweza kuwa wanawake wawili. Kisha nilikwenda kwenye duka la kutoa kopi, nikatoa mswada mpya kuanzia ukurasa wa kwanza, usio na alama ya penseli ya mtu yeyote. Juu ya jalada nikaandika jina lake.